Kukatika si Kuharibika

Wanaofuatilia maandishi yangu wamezoea kunikuta nikijadili bajeti, Katiba na mwenendo wa vyuo vikuu vyetu. Leo nitaandika kuhusu mchuzi. Ni ule mchuzi wa Kifaransa wa siagi na viini vya mayai uitwao hollandaise. Binti yangu huutamka holandezi, nami nitamfuata yeye. Nilijaribu kuupika nyumbani kwetu Kariakoo Jumamosi moja, ukanishinda, na katika kushindwa huko nilijifunza jambo kuhusu elimu ya nchi hii, na jingine kuhusu mama yangu, ambayo miaka yangu yote ya kusimama mbele ya ubao haikunifunza.

Nianze na binti. Alimaliza kidato cha nne akapata daraja la nne. Nilimrudisha kwenye mtihani kama mtahiniwa wa kujitegemea, akapata daraja la nne tena. Kwa miaka miwili nililipia masomo ya ziada, nikanunua vitabu, na usiku nikamfundisha mwenyewe kwa sauti kali kuliko ilivyostahili. Yeye alikuwa ameshaniambia tangu mwanzo anachokitaka: kusomea upishi wa hoteli. Nilimjibu kwamba upishi si kitu cha kusomea. Hatimaye alijiandikisha katika chuo kimoja cha ufundi kwa fedha alizopewa na mama yake, nami nikanyamaza kwa ile namna ya kunyamaza ambayo mtoto huielewa vizuri kuliko maneno.

Kisha kukawa na harusi ya jamaa yetu huko Ilala. Mzee mmoja aliniuliza, "Daktari, yule binti yako mkubwa yuko chuo gani siku hizi?" Nikamjibu kwamba anasubiri nafasi. Binti alikuwa amesimama hatua mbili nyuma yangu, amebeba sahani ya pilau ya mzee huyo. Hakusema neno. Alimkabidhi mzee sahani kwa mikono miwili, akamwambia, "Karibu, babu," akaenda zake.

Wiki tatu baadaye, jioni ya Ijumaa, alinijia na karatasi moja ya maelekezo iliyoandikwa kwa Kiingereza. Jumatatu angekuwa na mtihani wa vitendo, na holandezi ilikuwamo. Darasani ilikuwa imemshinda mara moja. "Baba," aliniambia, "naomba unisaidie hii karatasi. Kupika najua, ila maneno haya yananichanganya."

Nakiri kwamba nilifurahi. Hatimaye palikuwa na karatasi, na karatasi ndiyo kazi yangu. Nilikaa mezani, nikaitafsiri mstari kwa mstari. Kulikuwa na kitenzi kimoja kilichojirudia kila baada ya mistari miwili, kikimwonya mpishi kwamba mchuzi usije ukafanya jambo fulani. Nilifungua kamusi, nikakuta maana yake ni kuganda, nikaandika kwa herufi nzuri: "Angalia usigande." Mstari wa mwisho nikautafsiri: "Ukiganda, anza upya na kiini kipya." Binti akakunja uso. "Lakini mwalimu anataka uwe mzito, Baba. Sasa usigande vipi?" Nikamwambia afuate karatasi, na kwamba kesho yake tungeupika pamoja ili nimweleze nadharia yake.

Asubuhi nilishuka ngazi kutoka ghorofa ya nne tunakoishi, nyuma ya soko, nikaenda kutafuta siagi. Mahali nilipokwenda panahitaji maelezo kidogo kwa wasomaji wa mbali. Kariakoo ni mtaa uliopata jina lake kutokana na kambi ya kikosi cha wapagazi waliobeba mizigo ya jeshi la Waingereza katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Jengo la soko lililobuniwa na msanifu wetu Beda Amuli, lenye paa la zege linalofanana na miavuli, lilifunguliwa mwaka 1975 na kuungua Julai 2021. Katika mitaa inayolizunguka hupatikana karibu kila kitu, kuanzia vitenge hadi vipuri vya mashine za kusaga. Nilidhani siagi ingenichukua dakika tano.

Katika duka la kwanza niliomba siagi, nikapewa kopo la majarini. Katika duka la pili, vilevile. Wauzaji hawakukosea. Katika mitaa yetu siagi ni kile kinachopakwa kwenye mkate, na kinachopakwa kwenye mkate kwa miaka mingi ni majarini, mafuta yaliyogandishwa na kutiwa rangi ya njano. Ufaransa wenyewe ndio uliotuletea kitu hicho: mwaka 1869 mkemia Hippolyte Mège-Mouriès alikitengeneza baada ya Mfalme Napoleon III kutangaza zawadi kwa atakayepata mbadala rahisi wa siagi kwa ajili ya wanajeshi na maskini. Sisi tuliupokea mbadala huo, tukaupa jina la kitu halisi, na kitu halisi kikabaki bila jina lake peke yake.

Duka la tatu lilikuwa la viungo na samli. Mzee mwenye duka alinisikiliza, akafungua ndoo, akanipa harufu ya samli ya bara kwenye kijiko. Nilikumbuka kwamba mapishi mengi ya holandezi hutaka siagi iliyosafishwa, yaani iliyoyeyushwa polepole mpaka chembe za maziwa zitengane na mafuta. Samli ni ndugu wa karibu wa siagi hiyo, ila imepelekwa mbele zaidi motoni, mpaka chembe hizo zikabadilika rangi na kuipa harufu yake nzito. Bibi zetu wa Pwani walikuwa wakisafisha siagi kwa moto kabla hatujasikia jina la mpishi yeyote wa Paris. Lakini karatasi ya binti yangu haikutaja samli, na mimi ni mtu wa karatasi. "Siagi yenyewe nenda mjini," mzee aliniambia, "jaribu Kisutu."

Nikapita Mnazi Mmoja, nikavuka Barabara ya Bibi Titi Mohamed, nikaipata katika jokofu la duka moja la Kisutu: gramu 250, iliyosafiri kwa meli kutoka Ulaya. Bei yake iliniumiza. Hii ni nchi yenye zaidi ya ng'ombe milioni 30, miongoni mwa makundi makubwa kabisa barani Afrika, na sehemu ndogo tu ya maziwa yake ndiyo hupita kiwandani. Nilirudi na siagi yangu mfukoni, nikiwa nimeshaanza kuandika makala kichwani kuhusu sekta ya maziwa. Makala hiyo siku moja nitaiandika. Mayai niliyanunua njiani, ya kienyeji, kwa sababu ya viini vyake vya rangi ya kukolea, pamoja na limau moja.

Nyumbani, mama yangu alikuwa amekaa kwenye mkeka karibu na mlango wa jiko, akichambua mchele. Tangu alipoanza kusumbuliwa na magoti anaishi nasi. Humwita binti yangu "mke mwenzangu", kama bibi wengi wanavyowatania wajukuu zao wa kike, na wawili hao hushirikiana siri ambazo mimi sizijui. "Leo profesa anapika?" aliuliza. Nikamwambia tunafanya mazoezi ya mtihani. "Haya," akasema, akaendelea na mchele wake.

Nilianza na nadharia. Nikamweleza binti kwamba mafuta na maji hayapatani. Ukiyachanganya na kuyaacha, kila kimoja kitarudi upande wake. Ila ndani ya kiini cha yai kuna kitu kiitwacho lesithini, ambacho upande mmoja hushika maji na upande mwingine hushika mafuta. Ukipiga kiini pamoja na maji kidogo, kisha ukamimina siagi iliyoyeyuka tone kwa tone huku ukipiga bila kuacha, siagi hupasuka kuwa matone madogo mno yasiyoonekana kwa macho, na lesithini huyazunguka na kuyazuia yasikutane. Wanakemia huita mchanganyiko wa namna hiyo emulsheni. Nikamweleza pia kuhusu moto: kiini huanza kushikana kinapokaribia nyuzi joto 65, na kikipita 70 na kidogo kinaiva na kuwa mayai ya kuvuruga. Kwa hiyo bakuli lisiguse moto. Liwekwe juu ya sufuria ya maji yanayotoa mvuke tu, yasiyotokota.

Sikuishia hapo. Nikamsimulia kwamba mwaka 1651 mpishi La Varenne alichapisha kitabu ambamo mna mchuzi wa siagi, siki na kiini cha yai kwa ajili ya mboga. Kwamba Auguste Escoffier, katika kitabu chake cha mwaka 1903, aliupanga upishi wa Kifaransa kwa michuzi ya msingi na ile inayozaliwa nayo. Kwamba jina lenyewe linamaanisha mchuzi wa Kiholanzi ingawa dunia nzima inauhesabu kuwa wa Kifaransa. Binti alikuwa anatikisa kichwa kwa adabu. Kisha akasema, "Baba, maji yameanza kutokota."

Nilipunguza moto. Nikachukua viini vitatu, vijiko vitatu vya maji, chumvi kidogo, nikaanza kupiga kwa ule waya wa kupigia mayai. Vikawa vyepesi, vikapanda povu, rangi ikafifia. Nilijisikia vizuri. Binti akanikabidhi siagi iliyoyeyuka, nami nikaanza kuimimina huku nikiendelea kueleza ni kwa nini tunamimina kidogo kidogo. Na katika kueleza ni kwa nini tunamimina kidogo kidogo, nilimimina nyingi.

Mchuzi ulikaa sawa kwa kitambo, kisha ghafla ukaacha kung'aa. Ukawa na punje. Mafuta ya njano yakajitenga pembeni ya bakuli, na katikati pakabaki kitu kama uji uliochacha. Nilipiga kwa nguvu zaidi, ukazidi kutengana. Nusu ya siagi ya Kisutu ilikuwa imepotea bakulini.

Mama aliinuka taratibu akiegemea mlango, akachungulia. "Mmh," akasema. "Umekatika."

Binti akageuka kama aliyeitwa jina lake. "Umesemaje, bibi?"

"Umekatika. Si unaona mafuta yake yamekwenda huku na maji yake huku? Kama tui."

Binti akaichukua karatasi yangu ya tafsiri, akaiangalia, akaniangalia. "Baba, hilo neno si kuganda. Ni kukatika. Kumbe ndicho wanachosema! Si wangesema tu usikatike?"

Kila aliyekulia katika jiko la Pwani anajua tui la nazi. Tui nalo ni mafuta na maji yaliyokaa pamoja kwa kushikiliwa, ingawa mshikaji wake si lesithini ya yai bali hasa protini za nazi yenyewe. Mpishi anayetia tui zito chunguni habanduki. Hukoroga, huchota kwa upawa na kulirudisha, huchota na kulirudisha, mpaka lichemke taratibu bila kuachana. Akiliacha likatokota peke yake, linakatika: mafuta yanaelea juu, na chini panabaki maji yenye chenga. Binti yangu alikuwa amepika samaki wa nazi na bibi yake tangu akiwa na umri wa miaka tisa. Emulsheni alikuwa ameishika mkononi kwa miaka kumi. Kilichomshinda darasani hakikuwa mchuzi. Kilikuwa ni neno. Na mimi, niliyeombwa nimsaidie kuvuka neno hilo, nilimpa neno jingine baya zaidi, kwa sababu nililitafuta kwenye kamusi wakati aliyelijua alikuwa mlangoni akichambua mchele.

Sasa mstari wa mwisho wa karatasi ulieleweka. Ukikatika, anza upya na kiini kipya. Binti alichukua bakuli safi, akavunja yai moja, akatenga kiini, akakitia kijiko cha maji ya uvuguvugu, akakipiga juu ya mvuke mpaka kikawa laini. Kisha akaanza kuurudisha ule mchuzi wangu uliokatika: tone moja, akapiga, tone jingine, akapiga, mpaka alipoona kiini kimeukubali ndipo akaanza kumimina kama uzi mwembamba. Hakusema kitu. Bega lake lilikuwa likicheza kidogo, kama la bibi yake anapokoroga tui. Baada ya dakika chache mchuzi wote ulikuwa umerudi pamoja, mzito, unaong'aa, unaoshuka kutoka kwenye waya kama utepe. Akakamulia limau, akaonja, akaongeza chumvi. Tuliula na mihogo ya kuchemsha, kwa sababu ndiyo iliyokuwapo, na nawahakikishia Wafaransa kwamba wamekosa kitu.

Wakati tunakula nilisema, kwa kujitetea, kwamba ilikuwa hasara ndogo tu na hata wapishi wakubwa huharibu. Mama akacheka. Kisha, bila kuniangalia, akaanza kusimulia.

"Na mimi tui liliwahi kunikatikia. Sufuria nzima ya maharage. Nilikuwa na homa siku ile, nikasema nikae chini kidogo. Nilipoinuka limekwishachemka peke yake. Wateja wakaona yale mafuta juu, wakasema mama leo nazi imechacha. Wapagazi wa sokoni hawana pesa ya kuchezea, wakaondoka. Tuliyala wenyewe siku mbili. Hukumbuki? Ndiyo wiki uliyorudishwa ada."

Naikumbuka wiki hiyo. Nilikuwa kidato cha pili. Tulisimamishwa mstarini asubuhi, tukasomwa majina, tukaambiwa twende nyumbani na tusirudi bila ada. Wanafunzi wangu wa miaka mingi wanaijua hadithi hiyo, kwa sababu huisimulia kila ninapofundisha kuhusu miaka ya marekebisho ya uchumi na sera ya kuchangia gharama za huduma za jamii. Nimeisimulia kwenye makongamano. Huanza na mtoto aliyefukuzwa darasani na kuishia kwenye masharti ya wakopeshaji wa kimataifa. Hadithi hiyo si ya uongo; mtoto hakupaswa kufukuzwa, na si jambo dogo kwamba tangu mwaka 2016 ada ya shule za serikali imefutwa mpaka kidato cha nne. Lakini katika miaka yote hiyo, ndani ya hadithi yangu hamkuwa na sufuria. Hamkuwa na mwanamke mwenye homa aliyekaa chini kwa dakika kumi.

"Mbona hukuniambia?" nilimuuliza.

"Ungefanya nini? Ulikuwa mtoto." Akamega kipande cha muhogo, akakichovya. "Nikawaomba wenzangu wa upatu zamu yangu iletwe mbele. Wakakubali. Ukarudi shule."

Nilitaka kusema kitu, nikakosa. Mama yangu aliuza chakula kando ya soko kwa zaidi ya miaka 20. Alikuwa mama ntilie katika jiji ambalo kwa muda mrefu halikumhesabu kuwa ni mfanyakazi. Alikuwa hapa mwaka 1983, wakati kampeni ya Nguvu Kazi ilipowasaka mijini watu walioonekana hawana kazi. Wali wake, maharage yake na samaki wake wa nazi ndivyo vilivyonilipia shule, na shule hiyo ndiyo iliyonipeleka hadi kwenye shahada ya uzamivu. Na ni mimi, niliyesomeshwa kwa upishi, niliyemwambia mjukuu wake kwamba upishi si kitu cha kusomea. Mama alikuwapo siku niliposema maneno hayo. Alikuwa amekaa palepale, mlangoni. Wakati ule nilidhani hakusikia.

Ndugu msomaji, sasa naomba nirudi kwenye bakuli, kwa sababu ndani yake mna jambo ninalotaka kuwaambia hasa ninyi mlio katika utumishi wa umma.

Holandezi huweza kuharibika kwa njia mbili, na kwa macho ya asiyejua njia hizo hufanana. Ya kwanza ni kukatika: viungo vyote vipo, vyote ni vizima, ila vimeachana kwa sababu vilimiminwa kwa pupa. Ya pili ni kuiva: moto umezidi, kiini kimegeuka kuwa yai la kuvuruga, na hakuna ufundi duniani utakaolirudisha. Uliokatika huokolewa kwa kiini kimoja na subira. Ulioiva hauokolewi. Kazi ya kwanza ya mpishi anapoona punje bakulini ni kutambua kipi kimetokea kabla hajamwaga.

Mtihani wetu wa kidato cha nne haujui tofauti hiyo. Mtoto husoma miaka yote ya shule ya msingi kwa Kiswahili, kisha kidato cha kwanza tunammiminia masomo yote kwa Kiingereza, kwa pupa kama nilivyomimina siagi, na akikatika tunamwandikia daraja la nne au sifuri na kumhesabu kuwa ameiva. Wengi wao hawajaharibika hata kidogo. Ujuzi wao wote umo bakulini, ila umetenganishwa na lugha. Nilikuwa nikisema hivi kwenye mihadhara kwa miaka, na bado nilipokuwa na mmoja wao nyumbani kwangu, nilitaka kumrudishia siagi ileile, kwa kasi ileile, mara mbili.

Najua kwamba serikali imeliona tatizo hili kwa sehemu. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, toleo la 2023, imeanzisha mkondo wa amali katika elimu ya sekondari, na utekelezaji wake ulianza mwaka 2024 katika baadhi ya shule. Si wazo jipya kabisa: Mwalimu Nyerere, katika andiko lake la Elimu ya Kujitegemea la mwaka 1967, alikwishaonya kwamba shule zetu zinawafundisha vijana kudharau kazi ya mikono na kuwadharau waliobaki nayo. Mamlaka ya Elimu na Mafunzo ya Ufundi Stadi iliundwa kwa sheria ya mwaka 1994. Kwa upande wa nyaraka hatujapungukiwa.

Tulichopungukiwa ni kile kilichotokea kwenye harusi ya Ilala. Nyaraka hizo huandikwa, hujadiliwa na kusifiwa na watu kama mimi, na watu kama mimi tunapoulizwa mtoto yuko chuo gani, tunasema anasubiri nafasi. Mkondo wa amali ukijazwa watoto wa wapagazi na mama lishe peke yao, huku watoto wa walioupitisha wakibaki katika mkondo wa jumla, kila mwanafunzi ataelewa maana yake siku ya kwanza bila kusomewa sera. Watoto husoma nyuso zetu kabla ya kusoma vitabu vyetu. Kwa hiyo, kabla hatujaulizana kuhusu karakana, vifaa na bajeti, ambavyo vyote ni muhimu, nawauliza wenzangu wa wizarani na wa vyuoni swali ambalo nimelazimika kujiuliza mwenyewe: mwanao akisema anataka amali, utamjibu nini, na utawajibu nini wageni wanaomuulizia?

Na jambo la pili: karatasi za maelekezo. Kama tunataka ujuzi wa mikono uheshimiwe, basi uandikwe kwa lugha ambayo mikono hiyo inaijua. Sisemi binti yangu asijifunze Kiingereza. Hoteli atakayofanyia kazi itakitaka, na Kifaransa kidogo pia. Nasema ajifunze Kiingereza kama Kiingereza, na ajifunze mchuzi kama mchuzi. Lugha ya Kiswahili haikosi maneno ya jikoni. Ina kukatika, kuchacha, kuganda, kuiva, kuvuruga, kukoroga, kuchapa, na kila moja lina mpaka wake. Waliokosa maneno hayo ni sisi tunaoandika mitaala, kwa sababu tuliondoka jikoni mapema mno na hatukumuuliza aliyebaki.

Jumatatu binti aliondoka alfajiri kuwahi basi la mwendokasi, sare yake nyeupe imenyooshwa, ndani ya begi ameweka limau lililobaki. Nilikuwa na kipindi cha asubuhi na sikumpigia simu. Aliporudi jioni aliniamkia, akamwamkia bibi yake, akaketi kuvua viatu. Bibi ndiye aliyeuliza: "Ehe, mke mwenzangu? Umekatika?"

"Mara moja," alisema. "Nikaurudisha."

Matokeo bado hayajatoka, nami sitayatangaza hapa hata yakitoka. Hayo ni yake. Ila mwezi ujao tuna harusi nyingine ya ukoo, na najua yule mzee atakuwapo. Nimeshamwomba binti akae karibu nami.